Ukirudi kwa Sababu ya Njaa, Je, Umerudi Kweli?



Kijana mwenzangu, leo nataka tukae na swali moja gumu kidogo. Swali lenyewe si langu. Ni la rafiki yangu niliyeimba naye kwaya enzi za sekondari. Alinitumia ujumbe wa WhatsApp usiku mmoja, ukisema hivi: “Miaka mitatu sijakanyaga kanisani. Nilipokuwa na kazi, Jumapili yangu ilikuwa ya kulala na mpira. Sasa kazi imeisha, nina madeni, na ghafla namkumbuka Mungu. Niambie ukweli, ndugu yangu, huo si unafiki? Afadhali nikae nje kwa heshima kuliko kuingia kama ombaomba.”

Unaona uzito wake? Huyu hasemi Mungu hayupo, wala hana chuki na Kanisa. Anaona aibu ya sababu inayomrudisha. Na nadhani wengi wetu tunamwelewa. Kuna anayeanza novena wiki ya mitihani, kuna anayetafuta padre baada ya kuachwa na mchumba, na kuna anayekumbuka rozari akiwa kwenye foleni ya majibu ya hospitali. Halafu sauti ndani inasema: “Wewe! Leo ndiyo unajifanya mtakatifu?”

Swali hilo nilisafiri nalo. Oktoba iliyopita nilikuwa Almaty, kule Kazakhstan, kwa mafunzo ya kazi, na Jumamosi moja tulijiandikisha kwa matembezi ya siku nzima mlimani pamoja na mwongozaji. Almaty ni mji mkubwa uliolala chini ya milima. Ukiwa barabarani tu, ukiinua macho upande wa kusini, unaona theluji. Milima hiyo ni sehemu ya Tian Shan, jina la Kichina lenye maana ya Milima ya Mbinguni. Kilele cha Talgar, kirefu kuliko vyote upande ule, kinakaribia mita 5,000.

Sisi hatukwenda huko juu sana. Tulipanda hadi Kok-Zhailau, uwanda wa nyasi ndani ya hifadhi ya Ile-Alatau. Jina hilo kwa Kikazakh ni kama kusema malisho ya kijani ya kiangazi, maana wafugaji walikuwa wakipandisha mifugo huko majira ya joto na kuishusha baridi ikianza. Njiani mwongozaji alituonyesha misonobari mirefu, akatueleza pia kwamba matufaha tunayokula dunia nzima asili yake ni matufaha ya mwituni ya milima hiyo. Mtu wa kwetu aliyezoea kuona tufaha kama tunda la Ulaya linalouzwa sokoni kwa bei ya juu, anabaki anashangaa.

Mchana tulishuka, tukatoka nje ya hifadhi, tukafika kwenye mteremko ulio wazi. Pale alikuwa anatusubiri mzee mmoja na farasi wake. Mkononi alikuwa amekalisha tai.

Sikia, picha haikuandai kwa ukubwa wa yule ndege. Wakazakh huwinda na tai wa dhahabu, na hupendelea jike kwa kuwa ni mkubwa na mwenye nguvu kuliko dume. Jike anaweza kufikia kilo 6, na mabawa yakifunguka yanapita mita 2. Ndiyo maana mwindaji akiwa juu ya farasi haubebi mkono hewani tu. Anauegemeza kwenye kijiti chenye panda kilichofungwa kwenye tandiko, wao wanakiita baldak. Mkononi anavaa glovu nene ya ngozi. Tai naye amevalishwa kofia ndogo ya ngozi inayofunika macho, inaitwa tomaga, ili atulie asishtuke kwa kila kinachopita. Mwindaji mwenyewe anaitwa burkitshi, mtu wa tai.

Huu si mchezo uliobuniwa kwa ajili ya watalii. Ni kazi ya vizazi na vizazi. Wakati wa utawala wa Kisovieti desturi hii ilififia sana ndani ya Kazakhstan, ikaendelea kuishi hasa miongoni mwa Wakazakh wa magharibi mwa Mongolia, kabla ya kupata nguvu tena. UNESCO iliutambua uwindaji wa kutumia ndege mwaka 2010 kama urithi wa wanadamu, na Kazakhstan ikaongezwa kwenye orodha hiyo mwaka 2016. Hata bendera yao ina tai chini ya jua.

Mzee alipanda kilimani na ndege wake. Chini, kijana mmoja akaburuta ngozi ya mbweha kwa kamba huku farasi anakimbia. Mzee akavua ile kofia, akainua mkono. Tai akaangalia sekunde chache, akaachia. Hakupiga mabawa sana, aliteleza tu hewani kama jiwe lililorushwa na mtu mwenye shabaha, na ile ngozi ikashikwa. Kisha mzee akaita kwa sauti, akanyoosha mkono wenye kipande cha nyama. Tai akala, akapanda tena mkononi kwake.

Miguuni hakuna kamba ndefu, machoni hakuna kofia, na mlima mzima uko wazi mbele yake. Kwa nini asiende zake?

Nikamwomba mwongozaji amuulize mzee: “Aga, tai huyu anakupenda?” Aga ni neno la heshima kwa mwanamume anayekuzidi umri. Mzee akacheka mpaka akakohoa. Jibu lake lilikuwa fupi: “Anapenda nyama. Mimi ndiye ninayempenda yeye.”

Kisha akaeleza, kama fundi anavyoeleza kazi yake. Siri yote iko kwenye uzito. Majira ya joto tai analishwa vizuri, ananyonyoka manyoya na kuota mapya, na wakati huo harushwi. Kuelekea msimu wa baridi, ambao ndio msimu wa kuwinda mbweha, chakula kinapimwa. Tai lazima awe na afya na nguvu, lakini awe na njaa ya kutosha kumfanya atake kuwinda na kurudi. Ukimrusha ameshiba, anaweza kukaa juu ya mwamba akakuangalia siku nzima, au akaondoka moja kwa moja. Hana deni na wewe.

Hapo nikamkumbuka rafiki yangu. Kumbe swali lake lilikuwa limekaa pale kwenye glovu, lina kucha na mdomo uliopinda. Yeye anajiona ni tai wa namna hiyo. Akishiba, haonekani. Akipungua uzito, huyo anarudi. Na anauliza kama marudio ya aina hiyo yana thamani yoyote.

Sasa, kuna mahubiri mepesi ambayo mtu angeweza kuyatoa hapa: “Vijana, tuwe kama tai huyu, tumrudie Bwana wetu anapotuita.” Yanasikika vizuri, lakini hayasemi kweli. Tai huyu harudi kwa upendo, na aliyemlea ndiye wa kwanza kukiri hivyo. Tukitaka kumtumia kama mfano, tumchukue na njaa yake yote.

Basi tumchukue hivyo, twende naye kwenye Injili. Katika Luka 15 yumo kijana mmoja aliyerudi nyumbani. Tumezoea kumwona kama picha ya majuto mazuri, lakini soma taratibu uone kilichomfanya afikirie nyumbani. Alikuwa anatamani chakula cha nguruwe. Akapiga hesabu: kwa baba hata vibarua wanakula wakasaza, na mimi hapa nakufa njaa. Wazo la kwanza halikuwa machozi ya baba. Lilikuwa mkate. Ni baada ya hapo ndipo anapanga maneno ya kukiri kwamba amekosa mbele ya mbingu na mbele ya baba yake. Njaa ndiyo iliyomwamsha, na alipoamka ndipo akaiona dhambi yake.

Na baba je? Hakumpokea mlangoni na dodoso: “Umerudi kwa sababu gani? Ungepata kazi ungekuja?” Alimwona akiwa bado mbali, akakimbia. Hata ile hotuba ya toba hakuiacha ifike mwisho, aliikatiza akaagiza vazi, pete na viatu. Sababu iliyomleta mwana ilikuwa ndogo, na baba hakuona haja ya kuisubiri ikue kwanza ndipo afungue mikono.

Kanisa limelifikiria jambo hili kwa makini kuliko tunavyodhani. Katekisimu (namba 1452 na 1453), ikifuata mafundisho ya Mtaguso wa Trento wa mwaka 1551, inatofautisha majuto kamili na majuto yasiyo kamili. Majuto kamili yanatoka kwenye upendo wa Mungu kuliko vyote. Majuto yasiyo kamili yanatoka kwenye kuona ubaya wa dhambi, au kuogopa adhabu yake. Na Kanisa halisemi kwamba haya ya pili ni unafiki. Linasema nayo ni zawadi ya Mungu, msukumo wa Roho Mtakatifu. Peke yake hayaondoi dhambi kubwa, lakini yanamwandaa mtu apokee ondoleo katika sakramenti ya kitubio. Yaani unaweza kuingia kwa padre ukiwa na moyo nusu, unachechemea, na Mungu akafanya kazi na hiyo nusu.

Tuwe wakweli lakini. Kukosa kazi peke yake si majuto. Mtu anaweza kuwa na njaa akamrudia Mungu kama anavyokwenda kwa mkopeshaji, akipata anachotaka anatoweka tena. Njaa ni mlango, na mtu anaweza kusimama mlangoni maisha yake yote bila kuingia. Yesu mwenyewe aliwaambia watu wazi kwamba walikuwa wanamtafuta kwa sababu walikula mikate wakashiba (Yn 6:26). Hakuwaficha. Ila angalia alichofanya baadaye: hakuwafukuza. Aliichukua ileile njaa ya mkate, akaanza kuzungumza nao kuhusu Mkate wa uzima. Wengi hawakuvumilia, wakaondoka, naye hakuwafungia njia. Akawageukia wale Kumi na Wawili akawauliza kama nao wanataka kwenda. Petro akajibu kwa swali: tungekwenda kwa nani? Ukiisikiliza vizuri, hata hiyo ni sauti ya mtu mwenye njaa, ila njaa yake imeshajua inamtaka nani.

Hapa lazima nigusie jambo linaloniuma. Rafiki yangu aliponiandikia, alikuwa tayari ameambiwa na watu wawili watatu: “Mungu amekunyang'anya kazi ili umrudie.” Wanasema kwa nia njema, lakini fikiria wanamchora Mungu wa namna gani. Wanamfanya burkitshi, anayepima nyama na kupunguza chakula mpaka ndege arudi mkononi.

Mzee yule ana sababu zake za kufanya hivyo. Anamhitaji tai ili apate mbweha, na ngozi ya mbweha ni kofia na koti la baridi. Mungu hana mbweha anayemhitaji kutoka kwako. Na katika mfano wa Luka, baba hakuileta ile njaa. Ilitokea katika nchi ya mbali, mali ikiwa imeshaliwa. Alichofanya baba ni kinyume kabisa cha kazi ya burkitshi: alimpa mwana urithi wake wote mkononi, akamwacha aende akiwa ameshiba. Hakuna mwindaji anayethubutu kumrusha tai aliyeshiba. Mungu anathubutu kila siku. Anakupa afya, akili, mshahara, ujana, halafu anaiacha mikono yako huru. Ndiyo maana tunaweza kumsahau miaka mitatu bila radi kupiga.

Kwa hiyo usimwambie mtu aliyepoteza kazi kwamba Mungu amempokonya. Hujui. Unachoweza kumwambia kwa uhakika ni kwamba njia iko wazi, na kwamba anayesubiri anaangalia barabara.

Pengine kuna anayeuliza: je, ni halali hata kumshika tai hivyo? Ni swali la haki. Katekisimu inafundisha kwamba mwanadamu anaweza kuwatumia wanyama, lakini kuwatesa bila sababu ni kinyume na hadhi yake mwenyewe (namba 2418). Anayewatetea wawindaji atakwambia kwamba tai wengi wachanga hufa mwituni miaka yao ya mwanzo, na kwamba aliyelelewa vizuri anakula, anawinda, anaruka. Anayepinga atasema ndege wa mlimani hakuumbiwa kofia. Mimi naona hoja zote mbili zina uzito. Lakini naona pia tofauti kubwa kati ya ndege anayelelewa na mtu anayemjua manyoya yote, na ndege anayefungwa siku nzima kwenye kituo cha watalii ili kila mgeni apige naye picha. Ukienda huko, usilipie hiyo ya pili.

Na kuna jambo moja katika desturi yao ambalo mwongozaji alitusimulia tukiwa tunarudi kwenye gari. Kwa desturi, burkitshi hamweki tai mpaka afe. Baada ya miaka kadhaa ya kuwinda pamoja, wengi hutaja 7 hadi 10, anampeleka mbali mlimani, anamwachia nyama ya kondoo kama zawadi ya kuagana, na kumwachilia akazae na kuishi. Tai anaweza kufikia miaka 30, kwa hiyo bado ana maisha mbele. Safari hii hakuna kupima chakula. Nyama imejaa, miguu haina kamba, na mtu anageuza farasi. Wapo wanaosimulia kwamba kuna tai wanaofuata nyuma, mpaka inabidi mwenyewe ajifiche. Nilifikiri sana juu ya mzee akifanya hivyo. Siku ya kumwachilia ndipo ule upendo aliosema anao unapopimwa.

Kwa tai tunaishia hapo, yeye ni kiumbe wa silika na tusimbebeshe asichonacho. Kwa binadamu njia inaendelea. Sisi tunaweza kuanza na nyama na kuishia na upendo. Na nchi hiyohiyo ya Kazakhstan inatupa mfano.

Wakatoliki wa kule ni wachache, katikati ya wananchi ambao wengi wao ni Waislamu. Wengi wana asili ya Wapolandi na Wajerumani waliohamishwa kwa nguvu enzi za Stalin. Miongoni mwa waliowahudumia alikuwa Padre Władysław Bukowiński. Alizaliwa mwaka 1904, na alipitia magereza na kambi za Kisovieti kwa zaidi ya miaka 13 kwa jumla. Mwaka 1954 aliachiliwa akapelekwa Karaganda. Mwaka 1955 mlango ukafunguka: angeweza kwenda Poland. Akachukua uraia wa Kisovieti ili abaki. Alifanya kazi, na usiku aliadhimisha Misa kwenye nyumba za watu. Mwaka 1958 akakamatwa tena, akafungwa, akatoka, akaendelea. Alifariki Karaganda mwaka 1974, na mwaka 2016 alitangazwa Mwenyeheri katika mji huohuo.

Hakuna aliyemshikia kipande cha nyama. Kila hesabu ya faida ilimwambia aende. Alibaki kwa sababu alipenda. Huko ndiko Mungu anatupeleka wote, na sidhani hata yeye alizaliwa akiwa amefika.

Basi jibu nililomwandikia rafiki yangu lilikuwa hili: rudi na sababu uliyonayo. Ukisubiri mpaka uwe na sababu safi, utasubiri nje, na nje hakuna kinachoisafisha. Unafiki ni kujifanya una upendo usio nao. Anayesema “Bwana, nimekuja kwa sababu nimeishiwa, na naona aibu” hajajifanya chochote. Huyo amesema ukweli pengine kuliko wengi wetu tulioko benchi la mbele.

Kwako wewe unayesoma, naomba mambo mawili tu. La kwanza, ukienda kuungama, mwambie padre hata sababu iliyokuleta. “Padre, nimekuja kwa sababu nina mtihani.” Sema tu. La pili ni gumu zaidi: mtihani ukipita, kazi ikipatikana, majibu ya hospitali yakitoka mazuri, nenda tena Jumapili inayofuata ukiwa umeshiba. Hapo hakuna kinachokuvuta ila Yeye. Ile Jumapili ya kushiba ndiyo itakayokuonyesha moyo wako umefika wapi.

Na ile Sala ya Kutubu tuliyofundishwa utotoni, isali taratibu usiku wa leo. Utaona inataja wema wa Mungu, kisha inafunga kwa kuomba neema. Na neema inayoombwa ni ya kurudi. Kumbe hata kurudi kwenyewe tunapewa.

Bwana, nimekuja na njaa yangu. Ipokee kama ilivyo, na unifundishe kubaki nikishiba. Amina.

Tuombeane.